Takwimu za Mechi katika Gemu za Kurushiana Risasi: Maswali ya Wachezaji wa Arusha na Moshi

Maswali yaliyo hapa chini ndiyo yanayorudi tena na tena pale wachezaji wanapolinganisha namba zao, iwe ni kwenye vibanda vya gemu vya Kaloleni na Majengo, kwenye mabweni ya wanafunzi, au sebuleni nyumbani. Mengine ni mepesi na yamejibiwa kwa sentensi chache. Mengine yanahitaji hesabu kidogo, na hesabu hiyo nimeiweka wazi, kwa sababu naamini kuna jambo moja linalopuuzwa kuliko yote: karibu kila namba unayooneshwa ni kitu kilichogawanywa kwa kitu kingine, na asiyejua kimegawanywa kwa nini hawezi kujua namba hiyo inasema nini juu ya uchezaji wake.

Takwimu zangu nazipata wapi?

Katika gemu nyingi za simu, kama PUBG Mobile, Free Fire na Call of Duty: Mobile, unabofya picha yako ya wasifu kwenye skrini ya mwanzo, kisha unachagua sehemu ya takwimu au ya historia ya mechi. Katika Valorant historia ya mechi ina ukurasa wake kwenye menyu kuu, na katika Counter-Strike 2 mechi zako zimo kwenye ukurasa unaotumika kutazama mechi zilizopita. Watengenezaji huhamisha vitufe wanapotoa toleo jipya, kwa hiyo usikariri njia nzima. Zoea kuanzia kwenye picha ya wasifu.

Kabla ya kusoma namba hata moja, angalia vichujio vilivyo juu ya ukurasa. Takwimu hutenganishwa kwa msimu, kwa aina ya mechi, yaani ya renki au ya kawaida, na kwa ukubwa wa timu: mmoja, wawili au wanne. Ubishi mwingi kati ya marafiki huisha pale inapogundulika kwamba mmoja alikuwa anasoma msimu huu na mwenzake anasoma maisha yote ya akaunti.

Kwa nini saa za mechi zangu hazilingani na saa za hapa?

Seva nyingi huandika muda kwa saa za UTC, ambazo ziko nyuma ya saa za Afrika Mashariki kwa saa tatu. Gemu yenyewe kwa kawaida hubadilisha muda huo kufuata simu au kompyuta yako, lakini baadhi ya tovuti za takwimu hazifanyi hivyo. Mechi uliyoanza saa nne usiku itaandikwa 19:00, na ile uliyoanza saa nane usiku wa kuamkia Jumamosi itaandikwa 23:00 ya Ijumaa. Anayetaka kujua siku gani alicheza vizuri lazima arekebishe kwanza tofauti hiyo, la sivyo mechi zake za usiku wa manane zitahesabiwa kwenye siku isiyo yake.

K/D ni nini hasa, na inakokotolewaje?

Ni idadi ya maadui uliowaua ikigawanywa kwa idadi ya mara ulizokufa. Ukiua 15 na kufa 10, K/D yako ni 1.5. Ukimaliza mechi bila kufa, kompyuta haiwezi kugawanya kwa sifuri, kwa hiyo gemu nyingi huchukulia kwamba umekufa mara moja. Kuna pia KDA, ambayo huongeza zile mara ulizomsaidia mwenzako kuua, na kwa sababu hiyo huwa kubwa kuliko K/D ya mchezaji yuleyule. Usilinganishe KDA yako na K/D ya mwenzako.

Kosa la hesabu linalowapata wengi ni kuchukua K/D ya kila mechi na kutafuta wastani wake. Tuseme mechi ya kwanza umeua 20 na kufa 5, na mechi ya pili umeua 5 na kufa 20. K/D ya kwanza ni 4.0, ya pili ni 0.25, na wastani wa namba hizo mbili ni zaidi ya 2.1, jambo linalokufanya uonekane hodari sana. Lakini kwa jumla umeua 25 na kufa 25, yaani K/D yako ni 1.0 kamili. Njia sahihi ni kujumlisha maadui wote uliowaua, kujumlisha vifo vyako vyote, kisha kugawanya mara moja.

K/D nzuri ni ipi?

Swali hili haliwezi kujibiwa kwa namba moja kwa gemu zote, na anayekupa namba moja hajakusaidia. Anza na mechi za timu kwa timu, kama Counter-Strike, Valorant, au mechi za kawaida za Call of Duty. Kila mara mtu anapouawa na adui, upande mmoja unaandikiwa kuua na upande wa pili unaandikiwa kufa. Kwa hiyo ukijumlisha wachezaji wote wa mechi, idadi ya kuua na idadi ya kufa zinalingana, na K/D ya wote kwa pamoja ni 1. Wanaojiua kwa bomu lao wenyewe au kwa kuanguka kutoka juu huishusha kidogo chini ya hapo. Maana yake ni kwamba mtu mwenye 1.0 ni wa kati kabisa, na kwamba haiwezekani wachezaji wote wa kibandani kwenu wawe na 1.5 dhidi yao wenyewe. Anayeipata ameipata kutoka kwa mtu mwingine ambaye yake imeshuka.

Katika gemu za kubaki wa mwisho hesabu hubadilika. PUBG hupokea hadi wachezaji 100 katika mechi moja, na Free Fire hupokea hadi 50 katika mechi yake ya kawaida ya aina hiyo. Mshindi hafi, na wapo wanaouawa na duara linalojifunga bila mtu yeyote kuandikiwa kuua. Hapa ndipo kigawanyo kinapoleta tofauti kubwa, kwa sababu baadhi ya gemu na tovuti hugawanya kwa idadi ya vifo na nyingine hugawanya kwa idadi ya mechi. Mchukulie mchezaji aliyecheza mechi 20, akaua 40, na akamaliza mechi nne akiwa hai. Kwa vifo, ambavyo ni 16, ana 2.5. Kwa mechi, ambazo ni 20, ana 2.0. Mtu ni yuleyule na mechi ni zilezile, lakini namba ni mbili, na kadiri mchezaji anavyoshinda mara nyingi ndivyo pengo hilo linavyopanuka.

Vivyo hivyo kwa asilimia ya ushindi. Katika Counter-Strike au Valorant, mtu wa kati hushinda karibu nusu ya mechi zake. Katika mechi ya watu 100 ambapo kila mmoja yuko peke yake, mtu wa kati hushinda asilimia 1 tu, na katika skwadi za watu wanne, ambapo timu ni 25, hushinda asilimia 4. Nimewaona vijana wakivunjika moyo kwa sababu ya asilimia 10 ya ushindi katika skwadi, ilhali asilimia hiyo ni mara mbili na nusu ya ile ya mtu wa kati. Waambiwe ukweli huo mapema, kwa maana wengine huacha gemu wanayoipenda kwa kudhani hawaiwezi.

Nimeboreka sana mwaka huu lakini K/D yangu haipandi. Kuna tatizo gani?

Hakuna tatizo lolote. Unasoma takwimu ya maisha yote ya akaunti, ambayo imebeba uzito wa siku zako za kujifunza. Tuseme hadi mwaka jana ulikuwa umeua 800 na kufa 1,000, yaani 0.80. Tangu hapo umecheza vizuri sana: umeua 300 na kufa 200, yaani 1.5. Ukijumlisha unapata 1,100 kwa 1,200, ambayo ni karibu 0.92. Mchezaji wa leo ni wa 1.5, lakini ukurasa unaonesha 0.92, na utaendelea kuonesha namba iliyo chini ya uwezo wako kwa muda mrefu.

Dawa ni kusoma kipindi kifupi. Chagua msimu wa sasa, au chukua mechi zako hamsini za mwisho uzilinganishe na hamsini zilizotangulia. Gemu ikikunyima kichujio hicho, andika jumla zako kwenye daftari kila mwisho wa mwezi, kisha toa jumla ya mwezi uliopita kutoka ya mwezi huu. Tofauti yake ndiyo mwezi wako halisi.

Nimeshinda mechi saba kati ya kumi. Je, nimepanda kiwango?

Huenda, ila mechi kumi haziwezi kuthibitisha hilo. Mchezaji ambaye nafasi yake halisi ya kushinda ni nusu kwa nusu ana uwezekano wa takriban asilimia 17 wa kupata ushindi saba au zaidi katika mechi kumi, bila kuboreka hata kidogo. Ana uwezekano uleule wa kupata ushindi mitatu au pungufu, bila kushuka hata kidogo. Kwa maneno mengine, katika kila vipindi vitatu vya mechi kumi, kimoja hivi kitampa sababu ya kujisifu au ya kujilaumu isiyokuwepo.

Idadi inavyoongezeka, bahati hupungua nguvu. Ukiwa na mechi 100, asilimia yako ya ushindi inaweza bado kuwa mbali na ukweli kwa pointi kumi hivi juu au chini. Ukiwa na 400, pengo hilo hupungua hadi pointi tano hivi. Ndiyo maana nashauri usibadilishe mipangilio ya kugusa skrini, silaha na wachezaji wenzako kwa mpigo baada ya jioni moja mbaya. Badilisha kimoja, ukipe mechi za kutosha, ndipo uangalie.

Asilimia ya risasi za kichwa inaonesha shabaha yangu?

Inaionesha kwa sehemu tu, na sehemu hiyo hutegemea silaha unayobeba. Katika Counter-Strike, risasi moja ya AK-47 ikimpata adui kichwani katika umbali wa kawaida humuua hata kama amevaa kofia ya kujikinga, lakini risasi ya M4A4 humwachia uhai kidogo aliyevaa kofia hiyo. AWP, bunduki ya mdunguaji, huua kwa risasi moja ya kifuani, kwa hiyo mdunguaji hodari hana sababu ya kutafuta kichwa, na asilimia yake itakuwa ndogo kuliko ya mwenzake mwenye AK-47 ambaye huenda ni dhaifu kuliko yeye.

Angalia tena kigawanyo. Wengine huhesabu sehemu ya maadui waliouawa kwa risasi ya kichwa. Wengine huhesabu sehemu ya risasi zote zilizompata adui ambazo zilifika kichwani. Namba ya pili kwa kawaida ni ndogo zaidi, kwa kuwa inahesabu pia risasi za miguuni na tumboni ambazo hazikuua mtu.

Na ile asilimia ya risasi zilizompata adui kati ya zote zilizofyatuliwa?

Ichukulie kwa uangalifu. Anayefyatua kwenye moshi ili kuzuia adui asipite amefanya kazi ya maana, lakini asilimia yake imeshuka.

ADR, KAST na ACS ni nini, na zinanisaidiaje?

ADR ni wastani wa madhara unayowafanyia maadui kwa kila raundi. Katika Counter-Strike kila adui ana uhai wa 100, na madhara yanayozidi uhai uliobaki hayahesabiwi, kwa hiyo kumpiga risasi ya AWP mtu aliyebakiwa na uhai wa 10 kunakupa 10 tu. Uzuri wa ADR ni kwamba inamtendea haki yule anayewadhoofisha maadui halafu wenzake wakamalizia. Mwenye K/D ya chini na ADR ya juu mara nyingi ni huyo. Mwenye K/D ya juu na ADR ya chini mara nyingi ni yule anayesubiri nyuma na kumalizia waliokwisha jeruhiwa. Ukilinganisha namba hizo mbili za mchezaji mmoja unajifunza mengi kuliko ukisoma moja peke yake.

KAST ni asilimia ya raundi ambazo ulifanya walau moja kati ya mambo manne: uliua, ulisaidia kuua, ulimaliza ukiwa hai, au ulikufa lakini mwenzako akakulipizia mara moja. Hii ndiyo takwimu ninayowashauri wachezaji wapya wa timu waiangalie kwanza, kwa sababu inauliza swali ambalo timu inahitaji jibu lake: ni raundi ngapi uliondoka bila kuacha chochote? Mtu anaweza kuua wanne katika raundi moja na kupotea katika raundi tano zinazofuata. K/D itamsifu, KAST itaonesha raundi hizo tano. Katika Counter-Strike 2 timu hushinda kwa kufikisha raundi 13, na raundi nne za fahari hazifiki huko.

ACS ni ya Valorant. Inajumlisha madhara uliyofanya na pointi za kuua, kisha inagawanya kwa idadi ya raundi. Kinachostahili kujulikana ni kwamba kuua hakuna thamani moja: kumwangusha adui wakati wote watano wangali hai hutoa pointi 150, na kumwangusha wa mwisho hutoa 70. Sababu yake ni nzuri, maana anayefungua raundi huwapa wenzake faida ya watano dhidi ya wanne. Lakini matokeo yake ni kwamba wanaotangulia mbele hupewa ACS kubwa kuliko wanaolinda na kuweka moshi, hata pale wote wanapocheza sawasawa. Usimpime mlinzi wa timu yako kwa ACS.

Wanasema mechi nyingine zina wachezaji wanaoendeshwa na kompyuta badala ya mtu. Je, wanahesabiwa?

Ndiyo, wapo, na kwa kawaida wanahesabiwa. Fortnite iliwaingiza mwaka 2019, PUBG ya kompyuta mwaka 2020, na gemu kubwa za simu huwachanganya hasa katika renki za chini ili wanaoanza wasikate tamaa. K/D ya 5 iliyopatikana huko na K/D ya 1.2 iliyopatikana katika renki za juu zinafanana na mabao ya ndondo na mabao ya Ligi Kuu: yote yameingia wavuni, lakini hakuna kocha anayeyapanga kwenye orodha moja. Hii pia ndiyo sababu wachezaji wengi wa simu huona K/D yao ikishuka wanapopanda renki. Hawajaharibika, ila sasa wanapambana na watu.

Renki yangu inapanda na kushuka kwa kufuata nini?

Msingi wa mifumo mingi ulitoka kwenye sataranji. Arpad Elo, profesa wa fizikia mzaliwa wa Hungaria aliyeishi Marekani, alitengeneza njia ya kukadiria nguvu ya mchezaji kwa kuangalia amemshinda nani, na Shirikisho la Sataranji la Dunia liliipokea mwaka 1970. Katika njia hiyo, mwenye pointi 200 zaidi ya mpinzani anatarajiwa kupata karibu asilimia 76 ya alama. Akishinda anapata kidogo, kwa kuwa alitarajiwa kushinda. Akishindwa anapoteza nyingi.

Watafiti wa Microsoft walitengeneza mfumo uitwao TrueSkill kwa ajili ya gemu za Xbox, nao uliongeza wazo muhimu: mfumo haushiki tu kadirio la nguvu yako, bali pia kiasi cha shaka ambacho mfumo wenyewe unacho juu ya kadirio hilo. Mchezaji mpya huanza na kadirio la 25 na shaka ya karibu 8.3, na namba anayooneshwa ni kadirio ukiondoa mara tatu ya shaka, ambayo ni sifuri. Kila mechi hupunguza shaka. Ndiyo sababu mechi zako za mwanzo hukurusha mbali, na baada ya miezi renki yako husogea polepole hata ukishinda mfululizo: mfumo umeshakufahamu na unahitaji ushahidi mwingi ili ubadilishe maoni.

Gemu nyingi huwa na namba mbili, ile inayooneshwa na ile iliyofichwa inayotumika kukutafutia wapinzani. Kwa kuwa kazi ya namba iliyofichwa ni kukukutanisha na watu wa nguvu yako, asilimia yako ya ushindi katika mechi za renki itavutwa kuelekea 50. Mtu aliyekaa kwenye asilimia 51 huku akipanda renki taratibu anafanya vizuri, na hana haja ya kuona haya mbele ya mwenye asilimia 65 katika mechi za kawaida.

Je, intaneti ya hapa inaharibu takwimu zangu?

Inaweza, na jambo hili nalijibu kwa kirefu kwa sababu linawahusu wachezaji wa Arusha na Moshi kuliko wenzao wanaoishi karibu na seva. Pingi ni muda ambao taarifa inachukua kwenda kwenye seva na kurudi, nao hupimwa kwa milisekunde. Mwanga ndani ya nyuzi za kioo husafiri takriban kilomita 200,000 kwa sekunde. Kutoka Arusha hadi Johannesburg, ambako Valve, kampuni inayotengeneza Counter-Strike, ina seva za gemu hiyo, ni kama kilomita 2,700 kwa mstari ulionyooka, hivyo safari ya kwenda na kurudi haiwezi kuchukua chini ya milisekunde 27. Hadi Frankfurt ni kama kilomita 6,500, na hapo kiwango cha chini kabisa ni milisekunde 65. Huo ni ukomo wa maumbile, ambao hakuna bando linaloweza kuuvuka. Njia halisi ni ndefu zaidi, maana taarifa hushuka kwanza hadi pwani, ikaingia kwenye nyaya za baharini kama SEACOM, iliyoanza kazi mwaka 2009, au EASSy, iliyofuata mwaka 2010, na kila kituo cha njiani huongeza chake.

Pingi kubwa lakini tulivu inavumilika, kwa kuwa mkono huzoea. Kinachoua K/D ni pingi inayorukaruka na taarifa zinazopotea njiani, ambazo ni kawaida kwenye data ya simu nyakati za jioni, wakati mnara mmoja unahudumia mtaa mzima. Athari yake si sawa kwa mitindo yote ya uchezaji. Anayelinda kona akimsubiri adui huumia zaidi, kwa sababu adui anayechomoza humwona kabla picha yake haijafika kwenye skrini ya mlinzi. Ikiwa vifo vyako vingi hutokea ukiwa umesimama kwenye kona, na pingi yako ilikuwa juu, usiharakishe kusema una mikono mizito. Jaribu kwanza kubadilisha nafasi kila baada ya kufyatua.

Pendekezo langu ni kuandika pingi pembeni ya kila mechi ya renki, kwa juma moja au mawili, kisha kutenga mechi katika mafungu mawili, za pingi ya chini na za pingi ya juu, na kukokotoa K/D ya kila fungu. Ukikuta mafungu yanalingana, intaneti si kisingizio chako. Ukikuta yanapishana sana, umejua saa zako za kucheza renki. Na zipo siku za kuondoa kabisa kwenye hesabu: tarehe 12 Mei 2024, EASSy na SEACOM zilikatika kwa pamoja karibu na pwani ya Afrika Kusini, na Tanzania ilikuwa miongoni mwa nchi zilizoathirika sana. Mechi ya siku kama hiyo haisemi lolote juu ya mchezaji.

Umeme umekatika katikati ya mechi. Itaandikwaje?

Katika mechi za renki kwa kawaida itaandikwa kwamba umeshindwa au umeitoroka, na ukirudia mara nyingi unaweza kufungiwa kwa muda. Seva haijui tofauti kati ya umeme kukatika na mtu kuondoka kwa hasira. Gemu nyingi hukuruhusu kurudi mechi ikiwa bado inaendelea, kwa hiyo weka bando la akiba kwenye simu na urudi kwa haraka.

Mdogo wangu hutumia akaunti yangu akitoka shule. Nifanyeje?

Mfungulie akaunti yake. Takwimu zenu zikishachanganyika hakuna namna ya kuzitenganisha, na nyote wawili mnapoteza: wewe unakutana na namba zisizo zako, na yeye anapangiwa wapinzani wa nguvu yako, anapigwa kila mechi bila kujifunza. Zaidi ya hayo, masharti ya gemu nyingi yanakataza akaunti moja kutumiwa na watu wawili.

Mimi ni mzazi. Mwanangu ananionesha namba hizi kwa furaha, niangalie nini?

Mwulize namba hiyo imegawanywa kwa nini. Mtoto anayeweza kukueleza amefanya hesabu ya uwiano na asilimia kwa hiari yake, na jambo hilo linastahili pongezi. Kisha angalia muda wa kucheza, ambao Steam, duka la mtandaoni la gemu za kompyuta, na gemu nyingi huuonesha. Steam huonesha jumla ya saa na pia saa za majuma mawili ya mwisho. Hiyo ya pili ndiyo inayokufaa. Fahamu kwamba saa hizo huhesabu hata muda ambao gemu ilikuwa imefunguliwa bila mtu kucheza, kwa hiyo zungumza naye kabla ya kuhukumu.

Tovuti za nje za takwimu ni salama? Na kwa nini namba zake hazifanani na za gemu?

Tovuti zinazofahamika, kama Tracker Network au Leetify, huchukua taarifa kupitia milango iliyofunguliwa na watengenezaji wenyewe. Tofauti za namba hutokana na mambo machache: tovuti inaweza kuhesabu mechi za renki pekee, inaweza kuwa imeanza kukufuatilia baada ya miezi kadhaa ya kucheza, au mechi za zamani zimeshaondolewa. Mlango wa PUBG, kwa mfano, huhifadhi taarifa za kila mechi kwa siku 14 tu, hivyo tovuti ambayo haikuzichukua ndani ya siku hizo haitazipata tena.

Kuhusu usalama, tovuti ya takwimu haihitaji nenosiri lako. Inahitaji jina lako la mchezaji, au inakupeleka kwenye ukurasa rasmi wa Steam au wa kampuni ya gemu ili uingie huko. Inayokuomba uandike nenosiri kwenye fomu yake yenyewe, au inayokuahidi zawadi za bure za ndani ya gemu kwa kuingiza akaunti, iache mara moja. Kagua anwani ya ukurasa herufi kwa herufi kabla ya kuandika chochote, hasa ukiwa kwenye kompyuta ya kibandani, na ukimaliza ondoka kwenye akaunti. Kwa upande wa sheria, Tanzania ina Sheria ya Ulinzi wa Taarifa Binafsi ya mwaka 2022, iliyoanza kutumika tarehe 1 Mei 2023, lakini nenosiri ulilolitoa mwenyewe kwa mtu asiyejulikana aliye ng'ambo ni vigumu kulifuatilia kwa sheria yoyote.

Anayetaka kutazama marudio ya mechi za Counter-Strike 2 ajue kwamba faili moja linaweza kufikia mamia ya megabaiti. Lipakue kwenye Wi-Fi, si kwenye bando la siku.

Mpinzani wangu ana asilimia 70 ya risasi za kichwa. Je, anadanganya?

Takwimu moja haithibitishi udanganyifu. Angalia kwanza ni mechi ngapi: katika mechi moja yenye watu kumi waliouawa, saba kwa kichwa si ajabu. Angalia silaha, angalia umri wa akaunti, kisha tazama marudio ya mechi kama gemu inaruhusu. Ukibaki na shaka, tumia kitufe cha kuripoti kilicho ndani ya gemu na uwaachie wenye kazi hiyo. Kumtangaza mtu hadharani kwenye kundi la WhatsApp kwa picha ya skrini moja ni kumwonea, na katika miji kama yetu, ambako wachezaji wanafahamiana kwa sura, jina hilo humganda mtu kwa muda mrefu.

Naweza kuficha au kufuta takwimu zangu?

Kuficha kunawezekana katika gemu nyingi. Kwenye Steam unafungua mipangilio ya faragha na kuchagua nani aone taarifa za gemu zako. Gemu kadhaa za simu zina kitufe cha kuficha historia ya mechi kwa wasio marafiki. Kufuta ni jambo jingine. Watengenezaji wengi hawakuruhusu kuanza upya na akaunti ileile, ila msimu mpya hufungua ukurasa mpya wa takwimu za renki, huku za misimu iliyopita zikibaki zinasomeka. Tovuti za nje nyingi zina fomu ya kuomba wasifu wako uondolewe, na ombi hilo litume kupitia akaunti yenyewe ili wathibitishe kwamba mwenye kuomba ni wewe.